Chuo kikuu kipi kilikuwa cha kwanza kumiliki kituo cha televisheni, na kwa nini wengine waliviuza vyao?

Mwalimu wa Wete aliuliza:

Assalaam aleikum waungwana. Nasomesha somo la utangazaji katika chuo kimoja hapa Pemba, na wiki iliyopita darasa langu liligawanyika mapande mawili juu ya jambo ambalo mimi mwenyewe sikuweza kulimaliza. Kijana mmoja alisimama akasema kuwa televisheni ya kwanza kumilikiwa na chuo kikuu ilikuwa ya Houston, huko Texas. Mwenzake akamkatalia, akasema ilikuwa ya Iowa, na kila mmoja alikuwa na ushahidi wake mkononi. Niliwaahidi kuwaletea jibu, na nisingependa kurudi darasani mikono mitupu.

Lakini swali lenyewe hasa halikomei kwenye nani alitangulia. Ninachotaka kufahamu ni namna vyuo hivyo vilivyoviendesha vituo vyao: fedha zilitoka wapi, watazamaji walikuwa nani, wanafunzi walikuwa na nafasi gani, na kwa nini baadhi ya vyuo, baada ya kukilea kituo kwa miaka thelathini au arubaini, viliamua kukiuza. Nauliza hayo kwa sababu katika skuli zetu za habari kila mwaka linazuka wazo la kuanzisha televisheni ya chuo, na kila mwaka wazo hilo hufa kabla ya Ramadhani kuingia. Hapa chuoni kwetu kamera mbili nzuri zilinunuliwa zikakaa ndani ya makasha yake mpaka betri zikavimba, kwa sababu hakuna aliyekuwa amejiuliza kipindi cha kwanza kitakuwa kipi na kitamfikia nani.

---

Binti Mkunazini alijibu:

Waaleikum salaam, Maalim. Wanafunzi wako wote wawili wamesema kweli, ila kila mmoja ameshika ncha yake ya kamba.

Kituo cha Iowa kinaitwa WOI-TV, nacho kilianza kurusha matangazo tarehe 21 Februari 1950 kutoka mji mdogo wa Ames. Mwenye mali alikuwa Chuo cha Iowa State, ambacho wakati huo kilijulikana zaidi kwa kilimo na uhandisi, na hakikupewa hadhi ya jina la chuo kikuu mpaka mwaka 1959. Hiki ndicho kituo cha mwanzo cha televisheni ya kibiashara kumilikiwa na chuo. Kituo cha Houston, KUHT, kilifuata tarehe 25 Mei 1953, na chenyewe ndicho cha kwanza nchini Marekani kuingia hewani kwa leseni ya televisheni ya elimu isiyofanya biashara. Kwa hiyo mabishano ya darasani kwako yanatokana na kuacha neno moja tu, neno "biashara", na neno hilo ndilo lililoamua mambo mengi yaliyokuja kuvipata vituo hivi baadaye.

Nieleze kidogo juu ya Ames, kwa sababu hapo pana kisa. Mwezi Septemba 1948 tume ya mawasiliano ya serikali ya Marekani ilisimamisha utoaji wa leseni mpya za televisheni, kwani vituo vilikuwa vimeanza kuingiliana katika masafa na ramani nzima ya mgawo wa chaneli ilihitaji kupangwa upya. Zuio hilo lilitarajiwa kuwa la miezi michache, likadumu hadi Aprili 1952. Chuo cha Ames kilikuwa kimeshapata kibali chake kabla ya mlango kufungwa. Matokeo yake ni kuwa katika eneo lote la kati la jimbo lile, pamoja na mji mkuu wa Des Moines ulioko kiasi cha kilomita 50 kusini mwa Ames, mtu aliyenunua televisheni alikuwa na kituo kimoja tu cha kutizama kwa miaka kadhaa, na kituo hicho kilikuwa cha chuo cha wakulima. Mitandao mikubwa ya kitaifa yote minne ya wakati ule, yaani NBC, CBS, ABC na DuMont, haikuwa na njia nyengine ya kuingia katika nyumba za watu wale isipokuwa kupitia mnara wa chuo. Hebu fikiri, Maalim: chuo kina ng'ombe wake, kina mashamba yake ya majaribio, halafu kampuni za New York zinakuja kukiomba muda wa hewani!

Kwa sababu hiyo kituo kilikuwa kinajiendesha. Matangazo ya biashara na vipindi vya mitandao vililipia mafundi, na mafundi wakawezesha vipindi vya chuo chenyewe: kilimo, mapishi, mijadala ya miji midogo, na kipindi kimoja cha watoto kilichoanza mwaka 1951 na kuendelea hadi 1994, ambacho kwa miaka arubaini kati ya hiyo kiliongozwa na mama mmoja, Betty Lou Varnum. Watoto waliomtizama mwanzoni walikuja kuwakalisha wajukuu wao mbele ya kioo kile kile.

---

Mpenda Nyaraka aliongeza:

Naongeza neno moja, Bi Mkunazini, bila ya kutaka kukuharibia. Ikiwa tunatafuta mwanzo wa mwanzo, basi Iowa ina chuo cha pili, nacho ni Chuo Kikuu cha Iowa kilichoko Iowa City, ambacho mtu asikichanganye na kile cha Ames. Hicho kilianza majaribio ya televisheni mwaka 1933 kwa kituo kilichoitwa W9XK. Taswira ilichanganuliwa na sahani inayozunguka, kabla ya mitambo ya kielektroniki kuenea, na sauti ilipita peke yake katika redio ya chuo, WSUI, hivyo mtazamaji alihitaji vyombo viwili kwa wakati mmoja, kimoja cha kuonea na kimoja cha kusikilizia. Walirusha masomo kwa njia hiyo kabla ya kituo kufungwa mwishoni mwa muongo huo. Watazamaji walikuwa wachache sana, lakini wazo la chuo kusomesha kwa taswira lilitangulia biashara ya televisheni kwa miaka kadhaa.

---

Fundi Mstaafu alijibu:

Wanangu, mimi si msomi wa historia, lakini miaka yangu mingi nimeimaliza nyuma ya mitambo ya kurushia matangazo, na ningependa kulisogeza suala hili karibu na nyumbani kabla ya kurudi Houston.

Televisheni Zanzibar ilipoanza mwaka 1973, wakati wa Mzee Aboud Jumbe, ilianza na rangi moja kwa moja. Kenya ilikuwa na televisheni tangu 1962 na Uganda tangu 1963, lakini zote zilikuwa za nyeusi na nyeupe. Afrika Kusini haikuwa na televisheni kabisa mpaka 1976, na wenzetu wa Bara walikaa bila kituo hadi 1994. Nakumbuka tukikaa mchangani mtaani kwetu Ng'ambo, watu mia kwa kioo kimoja, wazee wamewekewa majamvi mbele na sisi vijana tumesimama nyuma. Nia iliyotangazwa ilikuwa elimu. Basi mtu asitwambie kuwa mawazo haya ya kusomesha kwa televisheni ni ya ng'ambo tu. Hapa yalifika mapema, ila yalishikwa na serikali, hayakushikwa na chuo, kwani chuo kikuu chenyewe hakikuwapo. Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar kiliundwa kwa sheria ya mwaka 1999 na kikaanza kusomesha mwaka 2001.

Sasa Houston. Zuio alilolitaja Bi Mkunazini lilipoondolewa mwaka 1952, chaneli 242 ziliwekwa akiba kwa ajili ya elimu pekee. Aliyezipigania ni Frieda Hennock, mwanamke wa kwanza kuteuliwa katika tume ile, na alizipigania mbele ya wenzake ambao wengi wao waliona ni kupoteza masafa yenye thamani. Chuo Kikuu cha Houston kikaungana na mamlaka ya skuli za mji ule kuomba leseni kwa pamoja, na mwaka uliofuata wakaingia hewani kwa chaneli 8. Jambo walilolifanya ambalo mimi naliona kubwa ni kusomesha kozi kamili za chuo kwa televisheni, tena kwa alama zinazohesabika katika shahada. Mwalimu wa saikolojia, Richard Evans, alikuwa miongoni mwa wa mwanzo kusomesha hivyo. Aliyeshinda kazini mchana kutwa alisikiliza mhadhara akiwa kwake, kisha siku maalumu akenda chuoni kufanya mtihani.

Kwa hiyo, Maalim, swali lako la "kipindi cha kwanza kitakuwa kipi" wao walilijibu kabla ya kununua kamera: kipindi cha kwanza ni darasa, na mtazamaji wa kwanza ni mwanafunzi ambaye hawezi kufika chuoni.

---

Mwalimu wa Wete aliandika:

Nawashukuru sana, nyote. Mzee Fundi, maneno yako ya mwisho nitayaandika ubaoni.

Hata hivyo bado nina kitendawili ambacho hakijateguliwa. Ikiwa kituo cha Ames kilijilisha chenyewe na kikabaki na kitu cha kukipa chuo, mtu mwenye akili zake anauzaje ng'ombe anayekamwa? Ningeelewa kama Houston wangeuza, kwa sababu wao walitegemea misaada na bajeti. Lakini nasikia walioshikilia ni Houston, na waliouza ni Ames.

---

Binti Mkunazini alijibu:

Umesikia sawa, Maalim. KUHT ipo mpaka leo chini ya chuo chake, na WOI-TV iliuzwa mwaka 1994 kwa kampuni ya utangazaji.

Ng'ombe yule aliendelea kukamwa, lakini zizi lilibadilika. Baada ya zuio kuondolewa, Des Moines ikapata vituo vyake katikati ya miaka ya 1950, na mitandao miwili mikubwa ikahamia huko. Kituo cha chuo kikabaki na ABC. Tangu hapo kikawa kituo cha biashara miongoni mwa vituo vya biashara, kinachoshindana kwa watazamaji wale wale na watangazaji wale wale, huku mwenye mali ni chuo cha umma ambacho bodi yake ina mambo mengine mengi ya kuyashughulikia: mabweni, maabara, mishahara ya maprofesa. Kipindi cha jioni kinachovutia matangazo ni kile kinachotoka kwenye mtandao, nacho hakihitaji profesa wala mwanafunzi. Kadiri miaka ilivyokwenda, ndivyo ilivyokuwa vigumu zaidi kwa chuo kujibu swali la kwa nini kinamiliki chombo ambacho saa nyingi za siku hakitofautiani na cha mfanyabiashara yeyote.

Mauzo hayakupita kimya kimya. Wananchi waliunda kikundi cha kuyapinga, na shauri likafika mpaka mahakama ya rufaa ya Washington, lakini mauzo yakasimama. Chuo kilibaki na redio. Kipindi cha watoto nilichokitaja kilimalizika mwaka huo huo wa kuuzwa, na mimi sioni kuwa ni sadfa.

---

Mhasibu wa Chake alijibu:

Naomba nitofautiane kidogo na Bi Mkunazini, ambaye nahisi anaiomboleza biashara hii kupita kiasi. Kuuza si lazima kuwe ni kushindwa. Chuo Kikuu cha Notre Dame kiliendesha kituo chake cha WNDU tangu 1955, kikakiuza mwaka 2006 kwa dola milioni 85. Hizo ni fedha ambazo chuo kinaweza kuziweka katika mfuko wa kudumu zikaendelea kusomesha vijana bila ya mtu kuamka usiku kwa sababu jenereta limezimika. Loyola ya New Orleans, chuo cha mapadri wa Kijesuiti, nayo ilikuwa na WWL-TV tangu 1957, ikaja ikaiachia mwishoni mwa miaka ya 1980, na walioinunua walikuwa wafanyakazi wa kituo chenyewe. Mimi katika hilo sioni msiba.

Tena baadaye thamani haikuwa hata katika kituo, ilikuwa katika masafa. Mwaka 2016 na 2017 serikali ya Marekani ilifanya mnada ambapo vituo vya televisheni vililipwa ili viachie masafa yao kwa ajili ya mawasiliano ya simu. Chuo Kikuu cha Kusini mwa Florida kilikubali, na televisheni yake, WUSF-TV, ikazimwa mwaka 2017. Chuo Kikuu cha Howard cha Washington, ambacho kituo chake kilichofunguliwa mwaka 1980 ndicho cha mwanzo cha televisheni ya umma kumilikiwa na chuo cha watu weusi, kilifikiria kuingia katika mnada huo kisha kikajitoa. Hesabu zilikuwa zile zile kwa wote wawili. Mmoja aliona fedha ya mara moja inamfaa zaidi, mwengine akaona sauti ile haina bei.

---

Fundi Mstaafu alijibu:

Mhasibu, mwanangu, hapo mwisho umejijibu mwenyewe bila ya kukusudia, na nakushukuru.

Mimi ningewaomba muitizame Missouri, kwa sababu hiyo ndiyo inayonionyesha kuwa kitendawili cha Maalim kinateguka. Chuo Kikuu cha Missouri kina skuli ya uandishi wa habari iliyofunguliwa mwaka 1908, na wenyewe huihesabu kuwa ya kwanza duniani. Tarehe 21 Disemba 1953 kilianzisha kituo cha KOMU-TV. Ni kituo cha biashara kama kile cha Ames, kimeunganishwa na NBC, kinauza matangazo, kinashindana. Na hakikuuzwa. Tofauti ni kuwa chumba cha habari cha kituo kile ndicho darasa la skuli: wanafunzi ndio wanaokwenda kwenye ajali, mabarazani na mahakamani, wanahariri, wanasoma taarifa jioni, na juu yao wapo wahariri wa kazi ambao pia ni walimu. Ukiiuza KOMU umeifunga skuli. Ukiiuza WOI, skuli inaendelea kama kawaida. Bodi yoyote, hata isiyojua kamera inashikwa vipi, inaielewa hesabu hiyo.

Naona hata Dar es Salaam wamefuata njia inayofanana na hiyo, kwa sababu Mlimani TV na redio yake zimewekwa pamoja na skuli ya uandishi wa habari ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam.

---

Mwalimu wa Wete aliandika:

Sasa nimeelewa, na nadhani darasa langu litapata kazi ya muhula mzima. Nina swali la mwisho kwa Mzee Fundi, kwa sababu ni la mitambo. Tukitaka kufuata mfano wa Missouri hapa visiwani, yaani chumba cha habari kiwe darasa, je, tutahitaji mnara? Bei ya mnara ndiyo inayouwa kila kikao chetu.

---

Fundi Mstaafu alijibu:

Mnara hauhitajiki tena, Maalim, na hapo ndipo nyinyi mmewazidi wale wa 1950. Wakati wa analojia, mwenye kituo alikuwa lazima awe na mtambo wake wa kurushia, antena yake na mlima wake. Baada ya kuhamia dijitali, mwenye maudhui na mwenye mitambo ya kurushia wamekuwa watu wawili mbali mbali. Kituo kinatengeneza vipindi, kisha kinapeleka mawimbi yake kwa mwenye mitambo, na huko yanafungwa pamoja na ya vituo vyengine katika masafa mamoja na kumfikia mtazamaji kupitia king'amuzi. Mnachohitaji ni leseni ya maudhui kutoka Tume ya Utangazaji, ada ya kubebwa, na njia imara ya kufikisha mawimbi kutoka studio. Kabla ya yote hayo mnaweza kuanza mtandaoni kwa kompyuta mbili na zile kamera zenu zilizovimba betri, ikiwa bado hazijaoza.

Jambo ambalo sitaki mlidharau ni umeme. Nyinyi Pemba mmeunganishwa na gridi kutoka Tanga kwa waya wa chini ya bahari tangu 2010, na kabla ya hapo mlikuwa mkitegemea majenereta ya Wesha. Sisi Unguja tulikaa gizani tangu Disemba 2009 hadi Machi 2010 kwa sababu ya hitilafu moja, na waliokuwa na jenereta dogo la studio tu, bila ya akiba ya mafuta, walinyamaza siku ya pili. Wekeni fungu la umeme kabla ya fungu la mandhari ya studio. Kila kamati niliyopata kukaa nayo ilianza na rangi ya pazia.

---

Mpenda Nyaraka aliongeza:

Na mimi naomba Maalim aweke fungu la tatu, la kuhifadhi. Chuo cha Ames kiliuza kituo, lakini filamu na makaratasi ya miaka ile yamo katika maktaba ya chuo hadi leo, na mtafiti anayetaka kujua wakulima wa Iowa walisomeshwa nini kwa televisheni katika miaka ya 1950 anaweza kwenda kuzitizama. Hapa kwetu kanda nyingi zilifutwa ili zirikodiwe tena juu yake, kwa sababu kanda ilikuwa ghali na jana ilionekana haina kazi. Siku mtakayorusha kipindi cha kwanza, kabla hamjakwenda kunywa chai, nakilini nakala mbili: moja ibaki Wete, na nyengine ivuke bahari.

---

Mwalimu wa Wete aliandika:

Nimepokea, na nakala ya pili nitamletea Mzee Fundi mwenyewe aitie ila. Makasha ya kamera nimeyafungua leo baada ya Alasiri: betri zimekufa zote, lakini kamera moja, ilipochomekwa moja kwa moja kwenye umeme, imewaka.